Nafasi Kati ya Koplo na Mpishi

Bi Upindo hakuwa fundi wa kushona nguo ya kumtosha mtu leo tu. Ukimpelekea kitambaa cha sare ya shule, alikurudishia shati lenye mikono iliyokunjwa mara mbili na suruali yenye upindo mnene hivi, mtoto akitembea anayumba. Ukilalamika, alikujibu bila kuinua macho kwenye cherehani, "Kwani huyu ataacha kula?" Ndiyo maana watu walimpa jina hilo, na jina lake la kuzaliwa likabaki kwa mdogo wake na kwa karani wa mtaa. Alikuwa mjane, mfupi, ulimi mkali, vidole vyepesi. Pini alizishika mdomoni muda mwingi mno, hata mdogo wake alishazoea kumsikia akigombeza kwa pembe ya mdomo.

Vita vilipokwisha, kazi ya ushonaji ilikuwa ya viraka. Watu walileta mapazia yageuzwe magauni, na mablanketi yageuzwe makoti. Basi ukumbi wa mji ulipotangaza kwamba unatafuta fundi wa mavazi kwa ajili ya onyesho la nyimbo na vichekesho, mafundi walipanga foleni mpaka barabarani. Bi Upindo naye alikwenda, akawapita wenzake wote kwa viwiko na maneno. Si kwamba alikuwa na hamu ya nyimbo. Alikwenda kwa sababu alisikia kwamba watakaocheza ni askari wenyewe, tena askari wa kikosi cha mwanawe.

Alikuwa na mtoto huyo mmoja tu. Aliondoka kwenda vitani hajamaliza kurefuka, viwiko vimemtoka kwenye shati, na mwanya wake wa meno ya mbele alikuwa akiutumia kupigia mluzi toka asubuhi mpaka anaitwa kula. Alirudi likizo mara moja, akacheka sana akisimulia jinsi anavyotembea na kulala katikati ya watu wawili: upande mmoja Koplo anayeongea usingizini, upande wa pili Mpishi anayenuka vitunguu hata akitoka kuoga. Kisha akarudi vitani. Vita vilipokwisha, Koplo alirudi, Mpishi alirudi, na yeye hakurudi.

Sajini wa kikosi alikwenda mwenyewe nyumbani kwa Bi Upindo, akakaa kwenye ukingo wa kiti, kofia magotini. "Mama," alisema, "baada ya kuvuka mto hatukumpata. Hajaonekana." Bi Upindo alilishika neno hilo kwa mikono miwili. Mtu ambaye hajaonekana hajafa, hajaonekana tu. Alikata kitambaa kizuri cha buluu alichokuwa amekificha vita vizima, akamshonea mwanawe koti la kurudia nyumbani. Urefu wa mikono hakuujua, kwa kuwa mtoto alikuwa bado anakua huko aliko. Akakisia kwa mikono ya marehemu baba yake, kisha akaacha upindo mkubwa, akaushikiza kwa uzi mwekundu, mishono mirefu ya muda ambayo ukivuta ncha moja tu yote inafumuka. Siku akija, atavaa, mama atavuta uzi, na koti litamtosha.

"Dada, koti lisilovaliwa litaliwa na nondo," mdogo wake alimwambia. "Mlilie mtoto, yaishe."

"Na akiingia hapo mlangoni akukute unamlilia, utamwambia nini?" Bi Upindo alimjibu.

Onyesho lenyewe liliitwa "Tumerudi". Lilibuniwa na Mwalimu wa dansi, bwana mwembamba wa kitambaa shingoni, ambaye kifua kibovu kilimnusuru na vita. Aliwaogopa askari wale, na hofu yake aliifunika kwa kupiga kelele. Lakini kichwa alikuwa nacho, tumpe haki yake. Aliwataka askari wacheze yale yale yaliyowakuta walipovua sare. Mpishi alionekana jukwaani akimpikia mkewe na watoto, akatia chumvi ya kikosi kizima. Mwingine alikwenda kuomba kazi ofisini, akampigia saluti bosi, akampigia saluti tarishi, akaipigia saluti hata stendi ya kofia. Mwingine hakuweza kulala kitandani; kila akilazwa anateremka sakafuni, na mkewe anamfuata huko na mto mkononi. Waliokuja kuchungulia mazoezi walivunjika mbavu, wake wa askari wakicheka kuliko wote, wakifuta machozi ambayo hukuweza kujua ni ya nini.

Wimbo wa mwisho ndio uliokuwa roho ya onyesho. Askari waliingia kwa gwaride, safu moja, wakapiga hatua palepale wakiimba. Kisha mmoja baada ya mwingine alivua koti la jeshi, akalitundika kwenye msumari ukutani, akaenda mpaka juu ya ngazi za jukwaa. Hapo alisimama Bi Upindo akiwa na koti la nyumbani la kila mmoja. Alilifungua, askari akaingiza mikono, akapigwa mabegani mara mbili likae sawa, akaambiwa, "Haya, nenda." Akashuka ngazi, akaenda kukaa na watu wake katika viti vya mbele. Ndivyo mshonaji alivyojikuta naye ni mchezaji, na alijifanya kukasirika.

Umeme wa mji ulikuwa bado wa mgawo, kwa hiyo kila kitu kilifanyika mchana, madirisha ya juu yamefunguliwa, mwanga ukishuka jukwaani na vumbi likicheza ndani yake. Na ni mchana kweupe, siku za mwanzo kabisa za mazoezi, Mwalimu alipoanza kugombana na nafasi moja kwenye safu.

Alikuwa amechora alama za chaki sakafuni, kila mtu na alama yake. Askari walisimama kwenye alama vizuri kabisa. Mpiga piano alianza, miguu ikaanza, na kabla ubeti wa kwanza haujaisha safu ilikuwa imepasuka. Kati ya Koplo na Mpishi palibaki pengo la mtu mmoja.

"Koplo, sogea kulia. Mpishi, sogea kushoto," alisema Mwalimu. Wakasogea. Piano ikaanza upya, na pengo likarudi. Akawasogeza kwa mikono yake, akawashika viuno kama anapanga viti. Pengo likarudi. "Mnanifanyia makusudi?"

"Hapana, Mwalimu," alisema Koplo, akitazama miguu yake kama ya mtu mwingine. Alikuwa mwanamume mpana, mpole, asiyeongea sana akiwa macho.

Sajini ndiye aliyeshuka kumweleza Mwalimu. Bi Upindo alikuwa amepiga magoti pembeni, anapima suruali ya mtu, pini mdomoni, na alisikia kila neno. "Kikosi chetu kilikuwa na desturi yake," Sajini alisema. "Mtu akikosekana, nafasi yake haifungwi. Tunatembea nayo. Tunaifunga siku mmoja wetu atakaposema mbele ya wote, 'Nimemwona.' Akishasema hivyo, tunajua mwenzetu amekufa, tunasogea. Nafasi za wengine wote tulizifunga hivyo. Huyu mmoja hakuna aliyesema."

"Lakini vita vimekwisha," alisema Mwalimu.

"Ndiyo," alisema Sajini. "Miguu haijaambiwa."

Bi Upindo alitoa pini mdomoni moja moja, akazichomeka kwenye kimto chake. Hakuhitaji kuuliza nafasi ile ni ya nani. Futi ilimtoka mikononi, na mwenye suruali alimwuliza kama anajisikia vibaya. Akamwambia asimame wima, anamharibia kipimo.

Mwalimu hakuwa mtu wa kushindwa na pengo. Alikwenda kumkodi mcheza dansi wa kulipwa, kijana mrembo aliyeitwa Springi kwa jinsi alivyoruka, akamsimamisha katikati ya Koplo na Mpishi. Springi alivaa koti la jeshi la kuazima, akawakonyeza watazamaji ambao hawakuwapo, na wimbo ukaanza. Alicheza vizuri mwanzoni. Baadaye alianza kugeuka nyuma. Akageuka tena. Mwishowe alitoka kwenye safu, akashuka jukwaani uso umemwiva.

"Mwambieni aliye nyuma yangu aache kunikanyaga visigino," alisema.

"Nyuma yako kuna ukuta," alisema Mwalimu.

Springi aliutazama ukuta. Aliinama akagusa kisigino cha kiatu chake, akatazama vidole. Vilikuwa na tope bichi, na nje hapakuwa na mvua wiki nzima. Alivua lile koti taratibu, akaliweka kwenye kiti, akasema shangazi yake ni mgonjwa. Hakuonekana tena, na hata malipo yake hakuyafuata.

Tangu hapo Bi Upindo alianza kusikiliza. Mpiga piano alikuwa mzee asiyeona vizuri, na kwa sababu hiyo masikio yake hayakudanganyika. Siku moja alisimamisha muziki, akageukia jukwaa, akasema kwa upole, "Yule anayepiga mluzi apunguze kidogo. Anapiga vizuri, lakini ananitangulia." Askari hawakutazamana. Walikuwa wametazama mbele, wote, wamekaza shingo. Hakuna aliyekuwa anapiga mluzi, na wote walikuwa wamesikia.

Walipoanza tena, Bi Upindo hakuitazama miguu ya watu. Alitazama mbao. Kila buti lilipotua, vumbi kidogo liliruka kwenye mwanga wa dirisha, chini ya Koplo, chini ya Mpishi. Na pale katikati, ambapo hapakuwa na buti la mtu, vumbi liliruka pia, kwa mdundo ule ule, likachelewa nusu pumzi. Mwanawe tangu utotoni alikuwa akichelewa nusu pumzi. Hata kuzaliwa alichelewa.

Nadhani mwingine angekimbia. Bi Upindo alifurahi. Alifurahi furaha ya kuchekesha, ya mtu aliyefichiwa kitu akakiona. Alianza kufika ukumbini kabla ya bawabu. Alijipaka mafuta, akaimba nyimbo za onyesho akiosha vyombo. Lile koti la buluu alilitoa sandukuni, akalipiga pasi, akalitundika miongoni mwa makoti mengine, mahali pake hasa, baada ya la Koplo na kabla ya la Mpishi. Mwalimu aliliona, akamtazama fundi usoni, akaenda zake.

"Amerudi," alimwambia mdogo wake wakipepeta mchele.

Mdogo wake aliweka ungo chini. Alikuwa mwanamke wa kanisa la akili zake mwenyewe, asiyeamini kitu asichoweza kukishika. "Dada, umechoka," alisema. "Kazi hiyo uiache."

"Ukija kwenye onyesho, nishikie kiti kimoja pembeni yako. Usimpe mtu."

"Cha nani?"

"Wewe nishikie tu."

Siku mbili tatu kabla ya onyesho, Koplo aliingia chumba cha mavazi akiwa na kifungo kiganjani. Kifungo chenyewe alikuwa amekikata kwa kisu, Bi Upindo aliona, lakini alikipokea. Koplo alikaa kwenye kigoda na kulitazama koti la buluu.

"La nani lile, Mama?"

"La mwenyewe."

Koplo aliifuata sindano kwa macho ikipita mara kadhaa. Kisha akasema, "Mimi nilimwona."

Sindano ilisimama.

"Siku ile ile ya mto. Alikuwa ng'ambo, chini ya ukingo, kwenye tope. Tumbo lilikuwa limeumia, Mama, sitakueleza zaidi. Alinijua. Alijua tutafanya nini. Akaniambia, 'Koplo, usiseme umeniona. Ukisema watafunga nafasi yangu nitabaki hapa. Nifikishe nyumbani kwanza.' Nikamwahidi. Nilidhani ni maneno ya homa. Nilikaa naye mpaka mwisho, nikamfunika, nikarudi kwenye safu nikafunga mdomo." Alifuta kiganja kwenye goti. "Tulipoondoka pale nikasikia anatembea pembeni yangu. Amekuja hivyo njia nzima. Sote tunamsikia. Hatusemi."

Bi Upindo hakulia. Alihisi baridi imemwingia kuanzia vidoleni, ikapanda taratibu mpaka kwenye ulimi. Kwa hiyo ndivyo. Ametumaini siku zote hizi, ameshona, amewanyamazisha watu, na mtoto alikuwa ameshakufa kwenye tope muda wote huo.

"Onyesho likiisha tunatawanyika," Koplo aliendelea. "Mimi nimepata kazi reli. Mpishi anakwenda hotelini. Safu haitakuwapo tena, na sijui yeye atatembea na nani. Nataka niseme, Mama. Nilitaka wewe usikie kwanza."

Hapo ndipo ule ubaridi ulipogeuka ujanja. Mwalimu alikuwa amesema onyesho likipendwa litazungushwa miji mingine. Fundi wa mavazi atazunguka nalo. Atausikia mluzi kila siku ya maisha yake. Mtoto aliyekufa na bado anapiga mluzi si sawa na mtoto aliyekufa kabisa, na mwenye akili hakosi kuona tofauti hiyo.

"Usiseme," alisema.

"Mama…"

"Ulimwahidi yeye. Sasa niahidi mimi. Zungukeni na onyesho, reli itakusubiri. Usiseme, mwanangu. Nimekuomba."

Koplo alisimama. Alinyoosha mgongo, kama amepewa amri na mkubwa wake. "Sawa, Mama," alisema, akatoka, na kifungo akakisahau.

Kesho yake walifanya zoezi la mwisho, mavazi kamili. Kila kitu kilikwenda vizuri. Askari walivua, wakatundika, wakavishwa, wakashuka ngazi, na mpiga piano akafunga kinanda chake. Watu wote wakatoka kwenda kula. Bi Upindo alibaki kukusanya makoti ya jeshi kwenye misumari. Jua lilikuwa limejaa jukwaani, na nje kulikuwa na kelele za watoto na baiskeli. Akiwa na makoti mikononi, akasikia mabuti.

Yalikuwa yanapiga hatua palepale. Peke yake. Kushoto, kulia, kushoto, kulia, na vumbi likiruka kwenye mwanga mahali pamoja, juu ya sakafu tupu.

"Baba," aliita, jina alilomwita alipokuwa mdogo. "Njoo. Wenzako wameshashuka."

Hatua zilisimama. Kisha zilikuja. Ubao mmoja ulilia, ukafuata mwingine, mpaka juu ya ngazi, mbele yake kabisa, karibu kiasi kwamba alisikia harufu ya tope la mto. Aliangusha makoti, akanyoosha mikono. Mbele yake hewa ilikuwa baridi na haikuwa na kitu. Ngazi ya kwanza haikulia. Alisubiri. Alisema, "Shuka, mwanangu, shuka tu, ni ngazi hizi hizi." Hatua ziligeuka. Zilirudi mpaka kwenye nafasi yake, zikaanza tena kupiga palepale, kushoto, kulia. Mluzi nao ukaanza, chini chini. Haukuwa mluzi wa yule mtoto wa toka asubuhi mpaka anaitwa kula. Ulikuwa wa mtu aliyechoka sana ambaye hajaambiwa apumzike.

Alimwita tena, na tena alikuja mpaka ngazini akarudi. Bi Upindo alikaa sakafuni katikati ya makoti. Sasa alielewa, na alijichukia kwa kuelewa polepole hivyo. Wenzake walikuwa wanashuka kwa sababu walikuwa wamevuliwa jeshi. Yeye hakuna aliyemwachisha. Nafasi iliyomleta nyumbani ndiyo iliyokuwa imemfunga hapo, hatua chache kutoka kwenye kiti cha mama mdogo wake, na atapiga hatua hivyo katika kila mji, kila onyesho, ili mama yake apate kumsikiliza. "Mchoyo wewe," alijiambia kwa sauti.

Siku ya onyesho ukumbi ulifurika. Watu walikaa mpaka madirishani, wakacheka hadi wakapaliwa kwa yule wa saluti. Mdogo wake alikuwa kiti cha mbele, amevaa gauni lake la kutokea, mkoba wake ameuweka kwenye kiti cha pembeni, akiwakodolea macho wote waliokitamani.

Wimbo wa mwisho ulianza. Safu iliingia, na pengo likaingia nayo. Sajini alivua koti kwanza, akavishwa la nyumbani, akashuka. Wakafuata wengine, kila mmoja na mabega yake, na Bi Upindo akiwapiga mara mbili mbili, "Haya, nenda. Haya, nenda." Ikafika zamu ya Koplo. Alimvisha koti lake la kahawia. Badala ya kumwambia nenda, alimshika mkono.

"Sema," alimwambia chini chini.

Koplo alimtazama kama hakusikia. "Hapa, Mama?"

"Hapa, wote wasikie. Ila ngoja kwanza nimshikie koti lake."

Alilitoa koti la buluu kwenye msumari, akalifungua kuelekea ile nafasi tupu, vidole vimeshika kola mahali ambapo vilishika makoti yote. Koplo aligeukia ukumbi. Alimtafuta Sajini kwa macho, naye Sajini, aliyekuwa ameshakaa na mkewe, alisimama wima. Wote waliokwisha shuka wakasimama wima katika makoti yao ya nyumbani. Watazamaji walidhani ni sehemu ya mchezo, wakatulia.

"Sajini," Koplo alisema. "Nimemwona."

Piano ilinyamaza. Ubao ulilia, ukafuata mwingine. Bi Upindo hakufumba macho. Aliona hewa, aliona ukuta, aliona misumari. Lakini koti likawa zito mikononi mwake, jinsi linavyokuwa zito mtu anapoingiza mkono wa kwanza, kisha wa pili. Kitu kikakatika kwenye mkono wa koti, pwi, kidogo sana. Alinyanyua viganja, akapiga mabega mara mbili likae sawa. Yalikuwa juu kuliko alivyotarajia. Ilimbidi anyooshe mikono.

"Haya," alimwambia mwanawe. "Nenda."

Ngazi ya kwanza ililia, halafu ya pili, mpaka ya mwisho. Hatua zilipita mbele ya Sajini, zikapita mbele ya viti. Mdogo wake Bi Upindo, yule asiyeamini kitu asichoweza kukishika, alinyoosha mkono akauondoa mkoba wake kwenye kiti, akaupakata.

Hatua zilikoma. Jukwaani, bila mtu kutoa amri, Mpishi alisogea kushoto, na wote waliobaki nyuma yake wakasogea, na safu ikafunga. Koti lilikuwa jepesi tena mikononi mwa Bi Upindo. Mpiga piano alisikiliza kidogo, akaangusha vidole vyake kwenye wimbo pale ulipokatikia, na Mpishi akaja kuvishwa.

Onyesho halikuzunguka miji mingine. Askari walikataa wote kwa pamoja, na Mwalimu, aliyekuwa ameona kiasi cha kumtosha, hakuwabishia. Koplo alikwenda reli. Kila akipata likizo alipita kwa Bi Upindo, akala, akalala kwenye kiti mpaka saa ya treni yake. Hakuongea tena usingizini.

Lakini hayo ni ya baadaye. Jioni ile ile ya onyesho, ukumbi ulipokwisha kuwa mtupu, Bi Upindo alifagia jukwaa mwenyewe. Juu ya ngazi alikuta uzi wake mwekundu, wote, kipande kimoja, umelala kwenye mbao umejikunja. Alikwenda kulichukua koti. Mikono ilikuwa imeshuka, upindo umefunguka, na mikunjo ya pasi ilikuwa bado inaonekana pale ulipokuwa umeshikizwa.

Alikwenda nalo nyumbani. Mdogo wake alimkuta ameliweka mezani, anapima mkono wa koti kwa futi yake, anapima tena.

"Ni mirefu kuliko ya baba yake," alisema Bi Upindo. "Umeona? Alikuwa amekua."

Mdogo wake alikaa pembeni yake, na hapo ndipo dada mtu alipolia, kwa sauti, kwa mara ya kwanza, mpaka majirani wakaja na kujaa uani. Alipomaliza aliomba maji, akanywa. Kisha akatia uzi wa buluu kwenye sindano, akaushona ule upindo pale pale ulipofikia, kwa mishono midogo ya kudumu.